Neno "kuzingatia" na samaki wa umma

Ni nadra sana kwa wavuvi, mawakili na majaji kukaa chini ya paa moja wakibishana juu ya maana ya kitenzi kimoja. Jambo hilo lilipata kutokea nchini Afrika Kusini. Mnamo tarehe 12 Machi, 2004, Mahakama ya Katiba ya nchi hiyo ilitoa hukumu katika kesi iliyofikishwa mbele yake na kampuni ya uvuvi ya Bato Star dhidi ya Waziri wa Mazingira. Wanafunzi wa sheria husomeshwa hukumu hiyo kwa sababu ya yale iliyosema juu ya wakati mahakama inapoweza kuutengua uamuzi wa afisa wa serikali. Mimi si mwanasheria. Huisoma kama mtu wa isimu, na kila niisomapo huona kwamba ule ugomvi wa samaki ulikuwa vilevile ugomvi wa maana.

Yafaa kwanza nieleze chanzo chake. Samaki wa baharini hawana mwenyewe hadi wavuliwe, na wakivuliwa bila kiasi huisha. Kwa hiyo nchi nyingi huweka kila mwaka kiwango cha jumla kinachoruhusiwa kuvuliwa, kisha hukigawa kiwango hicho kwa mafungu. Hapo ndipo penye kasheshe. Bahari inakuwa kama sinia moja la wali lenye walaji wengi, na serikali inakuwa ndiye mpakuaji. Nani apate fungu, na kwa kipimo gani? Katika Afrika Kusini swali hilo lilikuwa zito maradufu, kwa maana wakati wa ubaguzi wa rangi samaki wa maji ya kina kirefu aitwaye heki, ambaye ndiye mwenye thamani kubwa kuliko wote katika bahari ya nchi hiyo, alikuwa karibu wote mikononi mwa makampuni machache makubwa. Weusi walivua kama vibarua katika meli za wengine.

Baada ya uhuru wa 1994, Bunge lilitunga sheria mpya ya uvuvi mwaka 1998. Sheria hiyo iliorodhesha malengo kadhaa: kuhifadhi samaki wasiangamie, kukuza uchumi, kuunda nafasi za kazi, kuibadilisha sekta ya uvuvi ili dhuluma ya zamani irekebishwe. Kisha ikamwambia Waziri kwamba anapotumia mamlaka yake ni lazima "azingatie" malengo hayo, na kwamba anapotoa haki za kuvua ni lazima "azingatie hasa" haja ya kuwaingiza waombaji wapya, khususan waliotoka katika tabaka zilizokandamizwa. Natumia Kiswahili kwa kuwa huu ndio ufasiri ambao mkalimani yeyote wa kwetu angeutoa bila kusita.

Mwaka 2001 wizara iliwaalika watu watume maombi ya haki za miaka minne. Waombaji walijaza fomu, wakalipa ada isiyorudishwa, na fomu zao zikapimwa kwa vigezo. Majibu yalipotoka, Bato Star iliona kwamba imepewa fungu dogo mno, ilhali makampuni makongwe yamebakia na sehemu kubwa ya kile walichokuwa nacho. Ikaenda mahakamani pamoja na kampuni nyingine iitwayo Phambili. Wakashinda katika Mahakama Kuu ya Cape Town. Wakashindwa katika Mahakama ya Rufaa mwaka 2003. Bato Star pekee ikasonga mbele hadi Mahakama ya Katiba, nayo ikashindwa huko pia, majaji wote wakiafikiana kwamba uamuzi wa wizara haukukosa busara.

Sasa tukitazame kile kitenzi. Mahakama ya Rufaa ilikuwa imesema kwamba kuzingatia jambo ni kulikumbuka tu, ni kutolisahau. Kwa maana hiyo afisa anayeandika katika kumbukumbu zake kwamba amekumbuka waliodhulumiwa, kisha akagawa samaki vilevile kama walivyogawiwa jana, ametimiza sheria. Jaji Ngcobo wa Mahakama ya Katiba, ingawa alikubaliana na wenzake kwamba rufaa itupiliwe mbali, aliandika hukumu yake mwenyewe ili kulikataa hilo. Kwa maoni yake, maneno yaleyale yakisomwa katika mwanga wa historia ya nchi na wa Katiba yake yana uzito zaidi: yanamtaka afisa achukue hatua za kuyatekeleza malengo, wala si kuyataja kwa mdomo na kuyapita.

Nimewahi kulipeleka suala hili darasani. Niliwauliza wanafunzi wangu wa mwaka wa tatu wanipe visawe vya "kuzingatia". Wakanipa: kutilia maanani, kukumbuka, kuangalia, kufuata, kushika, kuheshimu. Nikawauliza: dereva akiambiwa azingatie alama za barabarani, je, akiitazama taa nyekundu, akaikumbuka vizuri, kisha akapita, amezizingatia? Wakacheka, wakasema hapana. Na mhariri akiambiwa azingatie maoni ya wasomaji, je, ni lazima ayafuate? Wakasema hapana, anaweza kuyasoma na kuyaacha. Basi ni kitenzi kimoja chenye maana mbili zilizo mbali kama mashariki na magharibi, na kinachoamua ni ipi ni muktadha pamoja na nguvu ya yule anayekitamka. Katika zabuni, mwenye nguvu ni mgawaji. Mwombaji hubaki kukisia.

Huenda msomaji akasema kwamba utata wa aina hii ni jambo la kawaida katika lugha yoyote, na kwamba mahakama zipo kwa ajili hiyo. Ni kweli, lakini tutazame gharama yake. Bato Star ilikuwa na uwezo wa kupanda ngazi tatu za mahakama. Mvuvi mwenye mashua moja hana hata nauli ya kwenda kumwona wakili. Kwake yeye, maana ya neno ni ile atakayopewa na karani wa dirishani.

Tena kuna ubaya unaozidi huo wa neno lenye maana mbili, nao ni kutokuwapo kwa neno lenyewe. Sheria hiyohiyo ya 1998 iliwagawa wavuvi katika mafungu matatu: wa biashara, wa burudani, na wale wavuao kwa ajili ya chakula chao tu. Mtu wa pwani ya Magharibi au ya Mashariki ya Rasi, aliyerithi uvuvi kwa baba na babu, anayekula baadhi ya samaki wake na kuuza wengine ili anunue unga na kulipa karo, hakuwa na jina katika sheria hiyo. Si wa biashara, kwani hana kampuni wala hesabu zilizokaguliwa. Si wa chakula tu, kwani anauza. Naam, asiye na jina hana fomu ya kujaza, na asiye na fomu hashindani. Ilibidi wavuvi wadogo nao waende mahakamani, katika Mahakama ya Usawa, ndipo mwaka 2007 ikapatikana amri ya kuwapa nafuu ya muda na kuitaka serikali itunge sera juu yao. Sera hiyo ilikamilika mwaka 2012, na sheria ikarekebishwa mwaka 2014 ili iwatambue. Miaka kumi na sita ilipita tangu sheria kutungwa hadi mtu huyo kupata nomino yake.

Tukivuka mpaka hadi Namibia twaona jinsi neno legevu linavyoweza kugeuka mlango wa nyuma. Sheria ya uvuvi ya nchi hiyo ya mwaka 2000 iliweka utaratibu wa watu kuomba haki za kuvua na kupimwa kwa vigezo. Mwaka 2015 ikafanyiwa marekebisho yaliyompa Waziri uwezo wa kutenga mafungu ya samaki, nje ya utaratibu huo, ili kuendeleza malengo ya kijamii, ya kiuchumi, ya kitamaduni "au mengine" ya serikali yenye maslahi kwa umma. Naomba wanafunzi wa sarufi waangalie hayo maneno mawili, "au mengine". Orodha inayoanza kwa mambo matatu yanayojulikana huishia kwa shimo lisilo na kina. Ni lengo gani la serikali lisiloweza kutumbukizwa humo?

Mafungu yaliyotengwa kwa kisingizio cha malengo hayo yalipitia shirika la umma la uvuvi liitwalo Fishcor. Mnamo Novemba 2019, stakabadhi zilizotolewa na Jóhannes Stefánsson, aliyekuwa msimamizi wa shughuli za kampuni ya Samherji ya Iceland nchini Namibia, zilichapishwa na vyombo vya habari vya Iceland, na Al Jazeera, na WikiLeaks. Ilidaiwa kwamba kampuni hiyo ililipa mamilioni kwa wakubwa na jamaa zao ili ipate samaki wa jamii ya kolekole kwa bei nafuu pasipo kushindana na mtu. Waziri wa Uvuvi, Bernhard Esau, na Waziri wa Sheria, Sacky Shanghala, walijiuzulu mara moja, na kabla ya mwaka huo kwisha walikuwa wamekamatwa. Wamekana mashtaka, na Samherji nayo imekanusha kutoa hongo. Sitaki kuihukumu kesi gazetini. Nasema tu kwamba, iwe walioshtakiwa wana hatia au hawana, sheria ilikuwa imekwisha kuandikwa kwa namna ambayo haikumpa raia yeyote kipimo cha kuulizia. Penye udhia penyeza rupia, walisema wahenga, na hakuna udhia mzuri kwa mpenyezaji kuliko neno lisilo na maana maalumu. Katika bandari ya Walvis Bay, mabaharia na wachakataji samaki waliopoteza kazi wakati makampuni yao yalipokosa mafungu ndio walioilipia sarufi hiyo.

Baada ya fedheha ile serikali ya Namibia ilijaribu dawa nyingine: mnada. Mwaka 2020 mafungu yaliyokuwa yamewekwa kando kwa malengo ya serikali yalinadiwa kwa yeyote mwenye bei kubwa. Lazima nikiri kwamba "mnada" ni neno lenye fadhila kubwa. Hakuna mtu asiyelijua, kuanzia soko la samaki hadi soko la mbuzi. Kipimo chake ni kimoja, nacho husikika kwa sikio. Wazabuni walitaja bei za kutisha, zikafika mamia ya milioni ya dola za Namibia. Lakini saa ya kulipa ilipofika, sehemu ndogo sana ya fedha hizo ndiyo iliyoonekana. Zabuni ilikuwa ya wazi, ila masharti ya kuthibitisha kwamba mzabuni anazo hizo fedha hayakuwa na meno. Hata wangelipa wote, mnada usingeuliza lile swali ambalo Jaji Ngcobo alitaka liulizwe, yaani samaki hawa ni wa kuwanufaisha nani. Husikia sauti ya fedha peke yake, nayo fedha ina historia yake.

Iceland yenyewe, kwao Samherji, inatufundisha kwamba hata neno zuri lililowekwa mahali pazuri linaweza kupuuzwa. Ibara ya kwanza ya sheria yao ya uvuvi ya 1990 yatamka kwamba samaki wa bahari ya Iceland ni mali ya pamoja ya taifa, na kwamba kupewa fungu hakumfanyi mtu kuwa mmiliki. Hata hivyo, mafungu yenyewe yalikuwa yametolewa tangu 1984 bila malipo na bila ushindani kwa wale waliokuwa na meli wakivua kati ya 1980 na 1983, kisha wakaruhusiwa kuyauza na kuyakodisha. Aliyezaliwa baadaye ilimbidi anunue kwa jirani yake kile ambacho sheria yasema ni mali yao wote wawili. Mwaka 1998 Mahakama ya Juu ya Iceland iliona kwamba kuwafungia wengine mlango namna hiyo kulikiuka katiba. Mwaka 2000 mahakama hiyohiyo ikalegeza msimamo. Wavuvi wawili waliingia baharini mwaka 2001 bila fungu, kwa makusudi na kwa kuarifu mapema, wakashtakiwa na kutozwa faini. Wakapeleka malalamiko yao kwa Kamati ya Haki za Binadamu ya Umoja wa Mataifa, nayo mwaka 2007 ikaamua kwamba walibaguliwa. Kamati iliitumia ibara ileile ya kwanza dhidi ya serikali iliyoitunga: ikiwa ni mali ya taifa, mbona kundi moja limepewa kana kwamba ni urithi wa mama yao?

Nimezunguka mbali, lakini macho yangu muda wote yamekuwa Vanga, Kipini na Faza. Katiba yetu ya 2010, katika Kifungu cha 62, yaihesabu bahari yetu ya ndani na ukanda wa kiuchumi wa baharini kuwa sehemu ya ardhi ya umma. Kifungu cha 71 chataka mikataba ya kutoa haki ya kutumia maliasili iidhinishwe na Bunge kwa jinsi sheria itakavyoeleza. Kifungu cha 47 chamhakikishia mtu ambaye haki yake imeathiriwa na uamuzi wa afisa kwamba ataelezwa sababu kwa maandishi. Na tangu 2016 tunayo sheria mpya ya usimamizi na ustawi wa uvuvi. Kwa hiyo mbao za kuundia chombo tunazo. Mwezi wa Aprili 2018 Mahakama Kuu iliamua katika kesi ya wavuvi wa Lamu kwamba mradi wa bandari ulikuwa umeendeshwa bila wao kushirikishwa ipasavyo, ikawaamulia wavuvi wapatao 4,600 fidia ya takriban shilingi bilioni 1.76. Kesi hiyo haikuwa ya zabuni. Lakini ilionyesha kwamba mtu mwenye dau na jarife anaweza kusikizwa mbele ya majaji kama mtu mwenye haki, wala si kama mwombaji wa huruma.

Kila siku zijazo zinapotajwa, twasikia habari za uchumi wa buluu, meli za bahari kuu, leseni za makampuni ya kigeni na ya humu nchini. Mashindano ya kupata samaki wetu yatazidi, na mabishano mahakamani yatafuata kama mkia ufuatavyo papa. Hoja yangu ni kwamba sehemu kubwa ya mabishano hayo huzaliwa mezani kwa mwandishi wa sheria na wa tangazo, kabla mtu yeyote hajala rushwa. Tangazo likisema kwamba wizara "itazingatia" uzoefu, uwezo na manufaa kwa jamii, halijasema kitu. Uzoefu una alama ngapi katika mia? Wa miaka mingapi, na huthibitishwa na nani: karani wa kampuni, ama wazee wa kikundi cha usimamizi wa ufuo? Manufaa kwa jamii ni ajira ngapi, za nani, bandari gani? Mambo hayo yaandikwe kabla ya bahasha ya kwanza kufunguliwa, na yasibadilishwe baada yake.

Marafiki zangu wanasheria hunijibu kwamba afisa huhitaji nafasi ya kutumia busara, na kwamba kanuni iliyobanwa mno huvunjika. Sina ugomvi na busara. Katika ile kesi ya Bato Star mahakama ilimwachia afisa nafasi ya kupima mambo yanayogongana, kwa kuwa uhifadhi huvuta huku, ajira kule, na haki ya waliodhulumiwa pengine. Lakini busara inayoeleza ilivyopima ni kitu kimoja, na busara inayojificha nyuma ya kitenzi ni kitu kingine. Afisa aandike: nilimpa huyu alama hizi kwa jambo hili, yule alama hizi kwa jambo lile. Akishindwa kuandika hivyo, basi hakupima.

Lipo na suala la lugha yenyewe. Kifungu cha 7 cha Katiba chakifanya Kiswahili kuwa lugha ya taifa na mojawapo ya lugha mbili rasmi. Hata hivyo Gazeti Rasmi la Serikali, ambamo matangazo ya namna hii hutolewa, huandikwa kwa Kiingereza, tena kile cha mawakili. Mimi nimekaa na mzee mmoja nahodha, mtu ajuaye kila mwamba na kila mkondo wa maji kutoka kwao hadi mpakani, akaniletea tangazo la namna hiyo lililokunjwa mara nne mfukoni. "Mwalimu," akaniambia, "nisomee, ila usinifupishie." Nilimsomea. Nilipofika kwenye lile neno nikalifasiri "kuzingatia", kama ilivyo ada. Akaniuliza, "Yaani watanipa, au watanikumbuka?"

Walimu walio katika shule za pwani na za kandokando ya Ziwa Viktoria wana nafasi nzuri hapa kuliko sisi wa vyuo vikuu. Wachukue tangazo moja la zabuni au la leseni, walipeleke katika kidato cha tatu au cha nne, wawape wanafunzi kazi ya kulifasiri neno kwa neno kwa Kiswahili kisha kuorodhesha kila mahali ambapo hawakuweza kuamua maana. Orodha hiyo itumwe kwa ofisi iliyotoa tangazo, ikiwa na ombi la majibu kwa maandishi kabla ya siku ya mwisho ya kupokea zabuni.